UZI: Kuunda falsafa ya siri ya fahamu na hisi kwa ulimwengu wa kubuni (mfano kamili: Elimu ya Pengo)

#1 Fundi Ramani (mtoa uzi)

Wadau wa hadithi za kubuni, salaam.

Humu wanapita sana watu wenye watawa wao "wanaojua siri ya fahamu". Ukimbana mtu akwambie hiyo siri ni nini, anakujibu "kila kitu ni ndoto". Hilo ni pazia tu, na msomaji akilifunua hakuti kitu nyuma yake. Mafundisho ya siri yakitaka kusimama, yawe na jambo moja ambalo msomaji anaweza kulihakikisha kwa jicho lake hapo hapo alipokaa. Ukishampa hilo, ndipo umshike mkono umpeleke pasipohakikishika.

Mfano wangu nauita Elimu ya Pengo. Mahali ni uwanda wa chokaa wenye ukungu mwingi, na wachimba chokaa wana nyumba ya mafunzo. Mafundisho yao ni kauli tatu:

Jicho haliioni dunia, linaona vipande.
Vipande vinaunganishwa, na panapokosekana kitu panajaziwa.
Anayejaza (wao wanamwita Mjazi) si wewe.

Ya kwanza ni kweli tupu. Ya pili ni kweli, ingawa wataalamu bado wanabishana ujazaji huo unafanyikaje. Ya tatu ni uzushi wangu. Mteremko huo ndio hadithi yenyewe: msomaji akishaikubali ya kwanza kwa jicho lake, ya tatu inamfikia bila kushtuka.

Hatua ya kwanza ya mwanagenzi, ijaribuni sasa hivi. Chora nukta mbili kwenye karatasi nyeupe, za ukubwa wa punje ya mahindi, zilale sawa kwa mlalo, kati yake sentimita 8. Funga jicho la kushoto. Jicho la kulia likazie nukta ya kushoto, lisibanduke. Anza karatasi ikiwa mbali kwa urefu wa mkono, isogeze usoni taratibu. Ikifika sentimita 28 hadi 30 hivi, nukta ya kulia inatoweka. Endelea kusogeza, inarudi.

Halafu piga mstari mrefu wa mlalo upite katikati ya hiyo nukta ya kulia, rudia. Nukta inatoweka, lakini mstari haukatiki. Pale pasipoonwa chochote, unaona mstari. Hapo ndipo mkufunzi anapomwuliza mwanagenzi swali moja tu: "Huo mstari wa katikati kauchora nani?"

#2 Msumari Moto

Mkuu, jaribio zuri, lakini hilo mwanafunzi wa sekondari analijua. Ni mahali mshipa wa jicho unapotokea kuelekea ubongoni, hapana chembe za kupokea mwanga. Siri iko wapi? Nyumba nzima ya watawa inaapishana kwa ajili ya doa pofu la jicho?

#3 Fundi Ramani

Swali ndilo hilo, na lina majibu mawili.

Kwanza, usidharau ugumu wa kuligundua. Aliyelieleza ni Mfaransa Edme Mariotte, miaka ya 1660. Binadamu wamekuwa na hilo tundu usoni tangu waumbwe. Sababu ya kutoliona ni kwamba pengo la jicho moja linafunikwa na jicho la pili, na hata ukifunga moja, pengo linajazwa. Na si dogo: lina upana wa nyuzi 5 na nusu hivi za pembe, wakati mwezi mpevu una nusu nyuzi. Miezi kumi ikipangwa mstari inaingia humo. Kwa hiyo jamii ya kubuni isiyo na maabara inaweza kulificha jambo hili karne nyingi bila msomaji kuona umemdanganya.

Pili, nyumba haifichi jaribio. Inaficha tafsiri. Nukta mbili wanaonyeshwa hadi watoto wa wachimbaji, kama mchezo. Kinachoapiwa ni kauli ya tatu. Hili ni la kushika kwa anayebuni: siri ikiwa ni kitu cha kuona, mtu mmoja mropokaji anaimaliza. Siri ikiwa ni namna ya kukielewa kile ambacho wote wamekiona, mropokaji anaropoka na hakuna anayemsadiki.

#4 Kipimo cha Kamba

Naomba niweke sawa vipimo, maana uwandani hakuna sentimita. Kinachotawala ni uwiano. Pengo liko nyuzi 15 hivi kutoka kitovu cha kuona, upande wa sikio. Kwa hiyo umbali wa jicho hadi karatasi ni mara tatu na nusu, zaidi kidogo, ya nafasi kati ya nukta. Wape upana wa vidole vinne kati ya nukta, na umbali wa mara tatu na nusu, zaidi kidogo, ya upana huo. Mtoto atumie vidole vyake, jitu la milimani litumie vyake, wote watapata.

Linaharibika wapi: mtu anachungulia nukta ya kulia, na hili ndilo kosa la karibu kila mtu mara ya kwanza. Au kichwa kimeinama, nukta zikawa si za mlalo tena mbele ya jicho. Au nukta ni kubwa mno. Kwa umbali wa sentimita 29, pengo ni karibu sentimita 3 kwa upana, hivyo nukta ya sentimita 3 na nusu itabakiza ukingo.

Kwenye hadithi, mwanagenzi anayeshindwa kwa sababu anachungulia ana manufaa kuliko anayefaulu. Unapata tabia yake bila kumweleza.

#5 Nusu Kaputi

Nachangia hatua ya pili na ya tatu, kama mtoa uzi hatajali.

Hatua ya pili: Chumba cha Chokaa. Jengeni kuba ndogo, ipakwe chokaa ndani mpaka kusiwe na kona, ufa wala kivuli. Taa zifichwe nyuma ya ukingo, mwanga upige kuta kwanza ndipo ufike machoni. Mtu analala chali, macho wazi, na pembeni kuna maporomoko ya maji ya kumeza sauti nyingine. Baada ya dakika chache rangi inafifia kuwa kijivu, halafu kwa wengine kuona kunazimika kabisa, mtu hajui kama macho yake yako wazi au yamefumba. Zikipita dakika kumi, ishirini, baadhi wanaanza kuona maumbo, njia, sura. Si wote, na msiandike kana kwamba ni wote. Mjerumani Wolfgang Metzger alilichunguza hili tangu karne iliyopita, miaka ya 1930. Sababu ni kwamba jicho linaishi kwa tofauti. Ukiliondolea tofauti, ubongo unabaki na kelele zake wenyewe, nao unazitafutia maana.

Kinachoharibu: masizi. Taa ya mafuta ikitoa moshi, kesho yake kuna doa, na doa moja linatosha kumpa mtu mahali pa kushika. Kwa hiyo nyumba yenu lazima iwe na mtu wa kupaka chokaa upya kila wakati. Huyo mpaka chokaa ni mhusika mzuri kuliko mkuu wa nyumba, anaingia chumba kitakatifu kila siku na ndoo na haoni lolote.

Onyo: msiweke moto unaomweka haraka, nimeona wengine wanapenda "gurudumu la miali". Mmweko wa mara 15 hadi 25 kwa sekunde unaweza kumwangusha mwenye kifafa. Kwenye hadithi ni sawa ukitaka mtu aanguke, lakini ujue umeandika nini.

Hatua ya tatu: kioo. Mtaliano Giovanni Caputo mwaka 2010 aliripoti jaribio la watu 50. Kioo umbali wa sentimita 40, chumba cha giza hafifu, taa ndogo nyuma ya mtu, dakika 10 za kujitazama. Asilimia 66 waliona sura yao ikiharibika vibaya, asilimia 48 waliona viumbe vya ajabu. Msingi mmojawapo unaotajwa ni jambo alilolieleza daktari wa Uswisi, Troxler, mwaka 1804: ukikazia macho pahali pamoja, vya pembeni vinafifia. Usoni vikififia vipande, akili inajaza kwa sura nyingine.

Taa ikiwekwa mbele, hakuna kitu. Ikiwa giza totoro, hakuna kitu. Na uwandani kwenu msiweke beseni la maji badala ya kioo, maji yanatikisika kwa pumzi. Wekeni jiwe jeusi la volkano lililosuguliwa.

#6 Bi Mkubwa wa Pembeni

Nusu Kaputi umenikosha. Niongeze ya nne, maana mpaka sasa mmekaa machoni tu, na fahamu si macho peke yake.

Mkono wa mbao. Mwanagenzi anakaa mezani, mkono wake halisi umefichwa nyuma ya ubao, mbele yake mkono wa kuchonga. Mkufunzi ana brashi mbili, anapapasa vidole vya mikono yote miwili kwa pamoja, kidole kile kile, mwelekeo ule ule. Kwa wengi haichukui dakika mbili, mguso unahamia kwenye mbao. Waliouripoti ni Botvinick na Cohen, 1998.

Masharti yake ndiyo utamu. Brashi zikipishana hata kwa nusu sekunde, uchawi unakatika. Mkono wa mbao ukigeuzwa ukaelekea upande usiowezekana kwa bega la mtu, hakuna. Ukiwa mbali sana na mkono halisi, kama sentimita 30 au zaidi, unadhoofika. Kwa hiyo mkufunzi hodari ni yule mwenye mikono miwili inayokwenda pamoja kama mpiga ngoma, na mkufunzi anayezeeka, mwenye mtetemeko, anapoteza uwezo wa kufundisha hatua hii. Hapo una ugomvi wa urithi ndani ya nyumba bila kuongeza upanga wala joka.

#7 Msumari Moto

Sawa, nimelainika. Sasa nabisha upande wa pili. Falsafa ya "unachoona si kweli" inaua hadithi. Kama dunia ni mjazo tu, mtu akichomwa mkuki nijali nini? Halafu kuna shimo la kimantiki: Mjazi anakujazia wewe, je, yeye anajaziwa na nani? Ukisema kuna mwingine nyuma yake, utakwenda mpaka kesho.

#8 Daftari la Mgeni

Msumari, shimo lako la mantiki ni la zamani na lina majibu matatu. Kila jibu lipeni mrengo wake ndani ya nyumba, msichague moja.

Mrengo wa kwanza unakubali mnyororo usio na mwisho. Hawa ni wachache na wanapendwa na vijana.

Mrengo wa pili unasema Mjazi ni mmoja kwa watu wote. Msidhani hili ni la kubuni tupu. Mwanafalsafa Ibn Rushd wa Cordoba (1126 hadi 1198) alifundisha kitu cha karibu, kwamba ile akili inayopokea maana ni moja kwa wanadamu wote, na mwanateolojia wa Kikristo Thomas Aquinas aliandika kumpinga mwaka 1270. Hoja ya wapinzani ilikuwa nzito: kama akili ni moja, kwa nini wewe ukijua mimi sijui? Na mtu akifa, ni nani anayehukumiwa? Chukueni hoja hiyo hiyo muipeleke mahakamani uwandani. Mwizi anasema, aliyeona mali ni Mjazi, na Mjazi ni wako pia.

Mrengo wa tatu ndio ninaouona una akili zaidi: Mjazi haoni. Anajaza bila kuona, kama mwandishi wa barua anayenakili hati ya lugha asiyoijua, herufi hazikosei lakini hajui barua inasema nini. Hapo mnyororo unakatika, maana asiyeona hahitaji kujaziwa. Na ni wa kutisha kuliko pepo mwenye hila.

Tena kabla ya kuleta Mjazi, someni hoja ya mtu aeleaye hewani ya mwanafalsafa Ibn Sina (980 hadi 1037): mtu ameumbwa mzima ghafla, anaelea, haoni, viungo vyake havigusani, hasikii lolote. Ibn Sina anasema bado atajua kwamba yupo. Chumba cha Chokaa ni hoja hiyo imejengewa kuta. Nyumba ya Pengo itabidi imjibu: je, na hilo "nipo" limejazwa? Mkikwepa swali hili, msomaji makini atawashika hapo.

#9 Fundi Ramani

Daftari, mrengo wa tatu nauchukua uwe wa wakuu wa nyumba, asante. Kuhusu Ibn Sina, hao wakuu watajibu kwamba "nipo" ndilo pekee lisilo na mjazo, na kwa sababu hiyo ndilo pekee lisilo na sura, rangi wala jina. Mrengo wa pili utakataa.

Sasa Msumari, la mkuki. Umesema kweli, na dawa yake ni gharama. Dunia haigeuki uongo, maana mkuki uko pale na unaua. Kinachogeuka ni nani anayeweka kumbukumbu ya vile usivyoviona. Simama mbele ya kioo, tazama jicho lako la kushoto, kisha la kulia, rudi. Hutaona macho yako yakisogea hata mara moja, ingawa aliye kando yako anayaona. Kila jicho linaporuka, kuona kunazimwa. Linaruka mara tatu hivi kwa sekunde, kila ruko milisekunde 30 hadi 50. Zidisha: kama sehemu moja ya kumi ya muda wako wa kuwa macho. Kwa mtu anayekaa macho saa 16 kwa siku, hiyo ni zaidi ya saa moja na nusu ambayo hukuona kitu, na hukujua.

Mpaka hapo ni kweli. Uzushi unaanzia hapa: nyumba inafundisha kwamba hiyo saa na nusu haipotei, inawekwa. Mwanagenzi wa hatua ya tano anaweza kuona ndani ya maruko. Anaona kisu kinavyochomolewa wakati wengine macho yao yanahama. Ila kila pengo analolifungua linabaki wazi, Mjazi halirudii. Akifungua mengi, anaona dunia ilivyo jichoni kabla ya kazi: kitovu kikali chenye upana wa kidole gumba ukinyoosha mkono, kilichobaki ukungu, tundu upande mmoja, picha inayorukaruka. Hawezi kusoma. Nyuso zinamponyoka. Anayeona kila kitu hamtambui mkewe. Nguvu na adhabu ni kitu kimoja, huhitaji kumletea laana kutoka nje.

#10 Msumari Moto

Hapo nimekubali. Mkuki umerudi kuwa mkuki.

#11 Bi Mkubwa wa Pembeni

Na wazee wao je? Wanaochungulia maruko miaka arobaini mwishowe wanakuwaje?

#12 Nusu Kaputi

Wape upofu wa aina tatu, zote zipo duniani, na kila mmoja awe na cheo chake.

Wa kwanza, mzee aliyepoteza macho lakini anaona misafara ya watu wadogo, mapambo, farasi, na anajua kabisa kwamba havipo. Charles Bonnet wa Geneva alilieleza mwaka 1760 kwa babu yake aliyekuwa akipoteza uwezo wa kuona. Huyu hana wazimu, msimwandike kama mwehu. Anasimulia kwa utulivu, hata kwa kuchoka. Wanagenzi watamwona mtakatifu, yeye atawaambia ni Mjazi anafanya kazi bila mali ghafi.

Wa pili, aliyepofuka kwa jeraha la nyuma ya ubongo na hajui kwamba amepofuka. Anaeleza chumba kilivyo, anagonga mlango, anasema mlango umesogezwa. Huyu ni mjazo mtupu. Mrengo wa pili watamfanya nabii.

Wa tatu ni kinyume chake. Anasema haoni kitu upande mmoja, lakini ukimlazimisha akisie mwanga uko wapi, anaonyesha sawasawa mara nyingi kuliko bahati inavyoruhusu. Lawrence Weiskrantz na wenzake walilichunguza miaka ya 1970. Kuona bila kujua kwamba unaona. Kwa mrengo wa tatu, huyu ndiye ushahidi wao mkuu.

Msichanganye hawa watatu katika mtu mmoja. Waandishi wengi wanaandika "mzee kipofu mwenye hekima" wakamaliza, wakapoteza mitambo mitatu tofauti ya hadithi.

#13 Kipimo cha Kamba

Swali la kiufundi kwa mtoa uzi. Wanagenzi wanazungumzaje? Maana ukiwapa maneno mazito kila sentensi, mazungumzo yatakuwa hotuba.

#14 Fundi Ramani

Nimewawekea kanuni moja tu ya kusema, basi. Mtu wa nyumba akiwa kazini hasemi "nimeona", anasema "nimepewa". "Nimepewa farasi wawili mlangoni." Akitaka kusema amehakikisha kwa kugusa, anasema "nimeshika". Kwenye ushahidi wa mahakama, "nimepewa" tatu hazilingani na "nimeshika" moja. Nje ya kazi wanaongea kama watu wengine, wanatukanana, wanadaiana. Mtu wa nyumba akiteleza akasema "nimeona" mbele ya mkuu wake, msomaji wa sura ya sita anashtuka peke yake, huna haja ya kumweleza.

Mpangilio wa kufunua: sura ya kwanza nukta mbili, zifanywe na mtoto, bila neno la falsafa. Chumba cha Chokaa kisije kabla ya theluthi ya kwanza ya kitabu. Kauli ya tatu isisemwe na mkufunzi hata siku moja, aiseme mtu aliyefukuzwa, tena akiwa na hasira, ili msomaji asijue kama aiamini. Mirengo isielezwe kwa mpango, itokee kwenye kesi ya yule mwizi aliyetajwa na Daftari.

#15 Daftari la Mgeni

La sura ya kwanza nakubali. La kauli ya tatu kusemwa na mfukuzwa napinga kidogo: ikisemwa na mtu mwenye hasira peke yake, mrengo wa tatu utaonekana wa wenye chuki. Iwekeni pia kinywani mwa yule mpaka chokaa wa Nusu Kaputi, aseme kwa njia ya kulalamikia kazi: "Ninapaka, wao ndio wanaoona."

#16 Fundi Ramani

Nachukua. Mfukuzwa aje kwanza, mpaka chokaa sura mbili baadaye, na wasikutane. Atakayekuwa na swali la ramani ya uwanda aulize hapa hapa, ya mahakama nitafungua uzi wake.